Kukataliwa kwa mdomo hakuna tribinali

Maneno ya kamati ya masomo mbele ya mkutano mkuu wa chama. Tunayaandika hapa namna yalivyosemwa, kwa ombi la wanachama ambao hawakuweza kufika.



Tuliombwa kuzungumza juu ya jambo moja. Watoto wetu wamerudi kutoka Tanzania, Zambia, Burundi na kwingine. Wamesoma. Wana karatasi mkononi. Wanafika chuo kikuu kuomba kuandikishwa, na wanaambiwa hawastahili. Hapo mabishano yanaanza: nani anastahili, nani hastahili, na nani mwenye kusema neno la mwisho?

Wengine kati yenu mlitazamia leo tuwaambie kwamba tumepata avoka mkali na tunakwenda kushitaki vyuo. Hatukuja na habari hiyo. Tumekuja na kitu kidogo zaidi, lakini tumekiona kinafanya kazi: barua, nakala ya barua, na muhuri wa kupokelewa. Sababu dosie nyingi tulizozifuata hazikufia mbele ya juge. Zilifia kwenye gishe, pale mtu mmoja aliposema "hapana" kwa mdomo, na mtoto akageuka akarudi nyumbani. Mwaka wa masomo ukapita. Hakuna karatasi inayoonyesha kwamba alikataliwa, wala sababu, wala tarehe. Ukienda kwa avoka na hadithi tupu, avoka atakuuliza: uamuzi uko wapi nishambulie? Na hauko.

Mabishano ni ya aina tatu

Tuanze kwa kutenganisha mambo, maana watu wanayachanganya.

Aina ya kwanza ni cheti cha inchi nyingine. Kwetu Kongo mtoto anahesabu miaka 12 mpaka diploma ya Leta: zamani 6 ya msingi na 6 ya sekondari, siku hizi 8 ya elimu ya msingi na 4 ya humanité. Tanzania, kwa mpango ambao watoto wetu waliufuata, ni miaka 7 ya msingi, kisha kidato cha kwanza mpaka cha nne, kisha cha tano na cha sita. Fanyeni hesabu pamoja nasi. Aliyemaliza kidato cha nne ana miaka 11. Aliyemaliza kidato cha sita ana 13. Zambia, mtoto wa Grade 12 ana 12. Burundi, 9 ya shule ya fondamantali na 3 juu yake, ni 12. Uganda inafanana na Tanzania: 7, na 4, na 2.

Sasa mnaona shida inatoka wapi. Mzazi anasema: "Mutoto wangu alimaliza sekondari, ana cheti cha Leta ya Tanzania, sababu gani wanamukataza?" Kama ni kidato cha nne, kwa hesabu ya Kongo amebakiza mwaka mmoja. Hajadharauliwa kwa kuwa alikuwa mkimbizi. Hata kule Tanzania kwenyewe kidato cha nne peke yake hakimpeleki mtu moja kwa moja kwenye digrii. Lakini kama ni kidato cha sita ao Grade 12, mtoto huyo ana miaka inayotosha ao inayozidi. Hapo akikataliwa, swali ni jingine: karatasi yake haijatambuliwa na Leta ya Kongo. Na kutambuliwa kuna jina lake, kunaitwa ekivalansi.

Aina ya pili ni programu ya Kongo iliyosomwa nje ya Kongo. Wengi wetu tunaijua kambi ya Nyarugusu, wilaya ya Kasulu, mkoa wa Kigoma, iliyofunguliwa mwaka 1996. Shule za Wakongomani kule zilifuata programu ya Kongo, kwa Kifaransa, na kusudi lilikuwa kwamba siku ya kurudi mtoto aendelee bila kuanza upya. Mtoto wa namna hiyo akiwa na diploma ya Leta, hahitaji ekivalansi hata kidogo, sababu diploma ni ya hapa. Ubishi wake ni wa kuthibitisha: jina lake liko kwenye palmaresi? Kode ya shule inajulikana? Diploma yenyewe iko wapi? Wote tunajua kwamba diploma inaweza kukawia miaka kabla haijafika kutoka Kinshasa, na mtoto anazunguka na atestasioni iliyokunjika mpaka herufi zinafutika.

Aina ya tatu ni jina. Hii inaonekana ndogo, na ndiyo inayoumiza wengi. Kongo tunaandika jina, postnomu, kisha jina la ubatizo. Kule tulikokuwa waliandika kwanza jina la mtoto, halafu la baba, halafu la babu. Karani mmoja aliandika kwa L, mwingine kwa R. Joseph akawa Yusufu, na Jean akawa John. Karatasi ya HCR ina mwaka mmoja wa kuzaliwa, buletini ina mwingine. Mbele ya gishe wanaonekana watu wawili. Na mtoto asiyekuwa na karte ya kura anaweza kuhesabiwa kama mgeni, na kuombwa minervali ya wageni, katika inchi ya babu zake.

Tusimlaumu kila mtu

Ndugu, haki iko pande mbili. Mtu wa aparitora, ile biro ya kuandikisha wanafunzi, naye ana mabosi. Kila mwaka waziri wa elimu ya juu anatoa maagizo ya akademia, na ndani yake mna masharti ya kuandikisha: diploma ya Leta ao hati yenye thamani sawa, alama zinazoombwa, tarehe ya kufunga. Dosie zinakaguliwa. Chuo kikikutwa na wanafunzi wasio na hati, chuo kinaulizwa. Na diploma za uongo ziko, tena ziko nyingi, zinauzwa kama mandazi. Kwa hiyo mtu akishika karatasi ya Kiingereza ambayo hajawahi kuiona, yenye muhuri asioujua, na akasema "hii karatasi hatuijue", si kila mara ni chuki. Mara nyingine ni woga.

Lakini woga wake usigeuke kuwa sheria. Hapo ndipo tunasimama. Mtu wa gishe hana uwezo wa kusema cheti cha inchi fulani kina thamani ama hakina. Uwezo huo ni wa wizara, kwa njia ya ekivalansi. Kazi ya gishe ni kupokea dosie, kusema kipi kinakosekana, na kuandika. Akisema "rudi inchi ulikotoka ukasome kule", amevuka mpaka wa kazi yake.

Sheria inasemaje

Tunataja vifungu vichache tu, mviandike kwenye daftari.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha 43, inasema kila mtu ana haki ya elimu ya shule. Wengi wanakijua hicho kwa ajili ya bure ya shule ya msingi. Lakini kifungu chenye nguvu zaidi kwetu ni cha 13. Kinasema kwamba hakuna Mkongomani anayeweza, katika mambo ya elimu na ya kupata kazi za Leta, kutendewa kwa ubaguzi, hata kama ubaguzi huo umetoka katika sheria ao katika tendo la serikali, kwa sababu ya dini, asili ya jamaa, hali ya maisha, mahali anapokaa, mawazo yake, kabila ao lugha ya wachache. Sikieni vizuri: mahali anapokaa. Kutaja elimu kwanza kabisa katika kifungu hicho si bahati. Waliokiandika walijua kwamba mtu anaweza kufungiwa nje ya shule kimyakimya.

Kifungu cha 27 nacho tumekisahau. Kila Mkongomani ana haki ya kupeleka ombi la maandishi kwa wakubwa wa Leta, peke yake ao pamoja na wengine, na mkubwa huyo anapaswa kujibu katika miezi 3. Na hakuna anayeweza kushitakiwa kwa sababu ameandika. Wazee wengine wanaogopa: "tukiandika, watatutia jina kwenye liste mbaya". Katiba imesema hapana.

Kuna tena sheria nambari 14/004 ya tarehe 11 Februari 2014 juu ya elimu ya taifa. Hiyo ndiyo inayofungua elimu ya juu kwa wenye diploma ya Leta ao hati iliyotambuliwa kuwa sawa nayo. Maneno hayo, "iliyotambuliwa kuwa sawa", ndiyo daraja la watoto wetu. Bila daraja, cheti kizuri kinabaki ng'ambo ya ziwa.

Wafadhili watatuuliza juu ya Mkataba wa wakimbizi wa mwaka 1951. Ndiyo, kifungu chake cha 22 kinagusa kutambuliwa kwa vyeti vya masomo vya kigeni. Lakini mkataba huo unamlinda mtu akiwa mkimbizi. Mtu akisharudi kwao si mkimbizi tena, ni raia. Njo maana sisi tunasimama zaidi juu ya Katiba kuliko juu ya mkataba. Raia haombi kupokelewa vizuri kama mgeni. Anadai kutendewa kama raia mwenzake.

Wengine walibishana kabla yetu

Msifikiri shida hii ni ya Kongo peke yake. Hata neno minervali lilikuja hapa kutoka Ubelgiji, na kule Ubelgiji lilizaa kesi. Mwanafunzi mmoja Mfaransa, Françoise Gravier, alikwenda Liège kusoma uchoraji wa hadithi za picha. Mji ukamwomba minervali ambayo Wabelgiji hawakuilipa, kwa sababu tu yeye ni mgeni. Akakataa kulipa, akakataliwa kuandikishwa, akashitaki. Tarehe 13 Februari 1985 Mahakama ya Jumuiya ya Ulaya ikasema malipo hayo ni ubaguzi.

Miaka ikapita, mabishano yakahamia kwenye vyeti. Sehemu ya Ubelgiji inayosema Kifaransa iliwaomba wenye diploma za sekondari za inchi nyingine za Umoja wa Ulaya wafanye mtihani wa ziada, kama hawawezi kuonyesha kwamba kwao wangeingia chuo bila mtihani. Mwaka 2004 Mahakama ileile ikasema Ubelgiji imekosea. Mwaka 2005 Austria nayo ikahukumiwa kwa jambo linalofanana. Basi hata Wazungu kati yao walibishana: "cheti chako ni kama changu, ama si kama changu?"

Lakini angalieni kilichofuata. Mwaka 2006 Wabelgiji walileta dekreti nyingine: katika masomo fulani, kama ya kutibu wanyama, wasiokaa Ubelgiji wasizidi sehemu fulani ya wanafunzi wapya. Kesi zikaanza upya. Hukumu inafungua mlango, na mwenye nyumba anaweza kutia komeo lingine kesho yake.

Karibu zaidi na sisi, Kenya wamebishana miaka juu ya kuingia Kenya School of Law, pale wanapopita wanaotaka kuwa mawakili. Swali lilikuwa hili: mtu aliyepata alama ndogo kwenye mtihani wa sekondari, lakini akapanda ngazi kwa stashahada mpaka akapata digrii ya sheria, anastahili ama hastahili? Sheria ya mwaka 2012 ilisomwa namna mbili, na majaji wa ngazi tofauti walitoa majibu tofauti. Hao walikuwa watu wenye digrii ya sheria mkononi! Kama wao walichoka njiani, mtoto wetu anayetoka Fizi na atestasioni moja anaweza kuchoka zaidi. Hatusemi hivyo ili mkate tamaa. Tunasema ili mjue kwamba kesi ni hatua ya mwisho, si ya kwanza.

Ngazi ya kupanda, hatua kwa hatua

Hatua ya kwanza inafanyika kabla ya kurudi. Wenye ndugu bado kambini ao mjini kule, wapigieni simu leo. Cheti cha Tanzania kinathibitishwa na baraza la mitihani la kule, NECTA, kwa namba ya mtahiniwa. Cha Zambia kina baraza lake la mitihani, na kuna mamlaka ya hati za masomo, ZAQA. Kuthibitisha ukiwa kule ni rahisi. Ukishavuka ziwa, kila karatasi inaomba safari. Pitisheni hati kwa balozi ao kwa konsula wa Kongo. Kigoma yuko konsula. Ombeni pia buletini za miaka yote, si cheti cha mwisho peke yake, sababu ekivalansi inaangalia miaka na masomo uliyofanya.

Hatua ya pili ni jina. Kama karatasi mbili zinapingana, msizikwangue kwa wembe! Nendeni tribinali mwombe hukumu ya kujaza cheti cha kuzaliwa, ile wanaiita jugement supplétif. Hiyo ni kazi ya kweli ya tribinali, na gharama yake ni ndogo kuliko mwaka mmoja uliopotea.

Hatua ya tatu ni dosie ya ekivalansi. Inatakiwa kuanza siku ileile mtoto anapofika, si siku anapoandikishwa. Kinshasa ni mbali, hakuna basi la kutoka Baraka mpaka kule, na dosie isiyo na mtu wa kuifuata inalala. Kila karatasi inayoondoka, baki na nakala. Kila dosie inayopokelewa, dai akize, yaani saini, tarehe na muhuri juu ya nakala yako.

Hatua ya nne ni gishe ya chuo. Usiende na maneno, nenda na barua: "Mimi fulani ninaomba kuandikishwa katika masomo fulani, ninaambatanisha hati hizi." Acha moja, baki na moja yenye muhuri. Wakisema hapana, sema kwa heshima: "Sawa, Papa, tafadhali niandikie sababu." Wakikataa kuandika, andika wewe: "Tarehe fulani nilifika, niliambiwa hivi, ninaomba jibu la maandishi." Barua hiyo nayo ipokelewe. Sasa hata kimya chao kimekuwa kitu. Kimya baada ya barua kina maana mbele ya sheria. Kimya baada ya maneno ya mdomo hakina.

Hatua ya tano ni kumwandikia aliye juu: sekretera mkuu wa akademia, rekta, kisha wizara. Hatua hiyo si adabu tu. Mbele ya mahakama za utawala, mtu anatakiwa kwanza amwombe mwenye kutoa uamuzi aubadilishe, na kuna muda wa kufanya hivyo. Muda ukipita, kesi inaanguka hata kama una haki kama jua la saa sita.

Hatua ya sita ni mahakama yenyewe. Uamuzi wa chuo cha Leta ni uamuzi wa utawala, na mahakama za utawala zimepangwa na sheria nambari 16/027 ya tarehe 15 Oktoba 2016, mpaka juu kabisa kwenye Conseil d'État. Chuo cha mtu binafsi kina njia nyingine, ya tribinali za kawaida. Muulizeni avoka mapema. Asiye na pesa aende kwenye biro ya mashauri ya bure ya baro, na achukue hati ya umaskini. Lakini jueni hili: juge anaweza kuvunja uamuzi mbaya. Hawezi kumpa mtoto alama ambazo hakupata, wala kukaa kwenye kiti cha rekta.

Mambo mawili tuliyoyaona

Binti mmoja wa kwetu alimaliza kidato cha sita. Chuo kimoja, hatutakitaja, kilimwandikisha "kwa sharti": alete ekivalansi baadaye. Hakuna aliyemwambia baadaye ni lini. Alilipa minervali, alisoma kwa Kifaransa ambacho hakukizoea, akafaulu mwaka wa kwanza, akafaulu wa pili. Mwaka wa tatu dosie zilikaguliwa, na jina lake likaondolewa. Mama yake aliuza mbuzi na shamba la mihogo kwa ajili ya ile miaka miwili. Alipokuja kwetu alikuwa na kitu kimoja kilichotupa nguvu: risiti zote, na ile karatasi ya kuandikishwa yenye neno "kwa sharti", bila tarehe ya mwisho. Tumeandika. Barua imepokelewa kwa muhuri, na dosie ya ekivalansi imeondoka. Leo tunapozungumza jibu halijafika. Hatutawadanganya kwamba tumeshinda. Lakini siku zinahesabiwa, na safari hii zinahesabiwa upande wetu.

Kijana mwingine alikuwa na kidato cha nne. Alikataliwa mara mbili kwa mdomo, akaamini kwamba ni ubaguzi, akakasirika, akaacha kila kitu, akaenda machimboni. Tulimwandikia barua, na chuo kikajibu kwa maandishi: kinakosekana kiwango cha diploma ya Leta. Jibu lilikuwa la kweli, na lilimsaidia kuliko hasira. Maana sheria ya mtihani wa Leta ina njia ya mtu aliyejisomea, kandida otodidakti, ambaye anapita kwanza kwenye mtihani wa kuchujwa. Sasa anajiandaa, na usiku anahangaika na insha ya Kifaransa. Kukataliwa kwa maandishi kulimwonyesha mlango ulipo.

Juu ya matabishi na karatasi za kununua

Tunafika mahali pagumu. Kwenye kikao kilichopita, mwanachama mmoja alisimama akasema, mkakumbuka wengi mlipiga makofi: "Pesa munayolipa kwa safari na barua, mungempa tu mutu wa gishe matabishi, mutoto angekuwa ndani." Na mwingine alinong'ona kwamba kuna mtu anayetengeneza ekivalansi kwa siku mbili.

Tunajibu kwa upole lakini wazi: pesa ya chama haitalipa hiyo. Kwanza, mtoto aliyeingia kwa matabishi yuko ndani kama yule binti, "kwa sharti", ila sharti lake halikuandikwa. Siku ya ukaguzi anatoka, na hana barua ya kujitetea. Pili, na hii ndiyo inayotuuma: karatasi moja ya uongo ikikamatwa mkononi mwa mtoto aliyerudi, karatasi zote za waliorudi zinakuwa za uongo machoni pa gishe. Anayenunua ekivalansi anafunga mlango kwa majirani zake wote. Wazee wanasema, samaki mmoja akioza, wote wameoza. Gishe ndivyo inavyofikiri.

Tunachoomba

Kwenu wazazi: msingoje mwezi wa kuandikisha. Leteni dosie ya mtoto akiwa bado darasa la mwisho. Tutaangalia majina, tarehe na buletini mapema, na penye mpasuko tutashona.

Kwenu vijana: jifunzeni Kifaransa wakati mnangoja. Aliyesoma Tanzania ao Zambia amesoma sekondari kwa Kiingereza, na ekivalansi haitafsiri masomo kichwani. Walimu wawili wa chama wamekubali kufundisha jioni. Njooni.

Kwenu wanachama: kamati inaomba mkutano ukubali kwamba sanduku la kusaidiana litoe mkopo kwa ajili ya karatasi, si kwa ajili ya minervali peke yake. Tumezoea kumkopesha mzazi pesa ya mwaka wa kwanza, halafu mwaka wa tatu mtoto anaondolewa kwa sababu ya hati moja. Hiyo ni kujaza maji kwenye mtungi uliotoboka. Tuanze kwa kuziba tundu: hukumu ya jina, uthibitisho wa cheti, safari ya dosie. Mkopo urudishwe kidogokidogo, namna tunavyorudisha ya mbegu.

Kwenu wafadhili: tunashukuru kwa madaftari, madawati na udhamini wa wanafunzi. Lakini udhamini unaohitaji hati ambayo mtoto hana, unampita. Fikirieni kulipia hatua ya kabla ya udhamini. Mwaka 2019 UNESCO ilianza kujaribu Zambia pasipoti ya kuthibitisha masomo ya wakimbizi, kwa kuangalia hati zilizopo na kumhoji mtu mwenyewe pale hati zinapokosekana. Mawazo ya namna hiyo yafuate mtu mpaka anaporudi kwao, yasiishie mpakani. Na kama mna njia ya kuzungumza na wizara, ombi letu ni moja: dosie za ekivalansi zipokelewe mkoani kwa muhuri, na mtoto aliyepeleka dosie apewe karatasi yenye tarehe ambayo chuo kitaikubali wakati anangoja.

Hatuombi watoto wetu waingie bila kustahili. Aliyekosa mwaka aufanye, aliyekosa alama arudi mtihani. Tunaomba anayekataliwa aambiwe sababu, kwa maandishi, na mtu mwenye uwezo wa kusema hivyo.

Kamati itapokea dosie kila Jumamosi asubuhi hapa kwenye biro ya chama. Njooni na orijinali na nakala mbili: moja yetu, moja ya kupigwa muhuri. Sasa tunamrudishia Mzee Prezida neno, ili mkutano upige kura juu ya sanduku.